Maswali tunayoulizwa kila mara kuhusu upekuzi wa chuki, ubaguzi na itikadi kali

Sisi ni waandishi wachache wa habari za upekuzi hapa Nairobi. Maswali haya tunaulizwa kwenye matatu, matangani, kwa simu saa tano usiku, na mama zetu wenyewe. Nimechoka kuyajibu moja moja, ndiyo maana nimeyaweka hapa. Yaliyo mazito nimeyakalia. Mepesi nimeyapita mbio.

Hasa mnapekua nini?

Maneno, pesa, na watu walio katikati. Nani alisema jirani ahame, nani alilipia vipeperushi, nani alikodi lori lililowabeba vijana. Imani ya mtu hatuigusi. Ukiamini dunia itaisha Jumanne, hilo ni lako na Mungu wako. Ukianza kuwaambia wafuasi wako wasile mpaka Jumanne hiyo ifike, hapo tutakuja kubisha hodi.

Na hapo tunajisuta wenyewe. Aprili 2023 polisi walianza kufukua makaburi katika msitu wa Shakahola, kaunti ya Kilifi, na hesabu ya miili ikaja kupita 400. Mhubiri anayeshtakiwa, Paul Mackenzie, amekana mashtaka, na korti ndiyo itakayoamua. Lakini hakuwa mtu aliyejificha. Alikuwa ameshafikishwa mahakamani miaka kadhaa kabla, na mahubiri yake yalikuwa kwenye YouTube, yeyote mwenye bando angeyasikiliza. Wengi wetu tuliyaona kama kichekesho cha pwani, tukarudi kuandika siasa za Nairobi.

Basi "itikadi kali" ni nini?

Ni neno la kuchungwa. Mwanasiasa hulitumia kumwita mpinzani, polisi hulitumia wanapokosa maelezo, na mwandishi mvivu hulinakili kutoka kwenye taarifa ya polisi bila kuligeuza. Kwetu tumejiwekea sharti: neno hilo haliingii katika aya ya kwanza. Aya ya kwanza ni ya tendo. Alimwambia nani, afanye nini, lini, mahali gani. Mara nyingi ukishalieleza tendo sawasawa unagundua lile neno hulihitaji tena.

Sharti hili halikutoka hewani. Aprili 2014, katika operesheni iliyoitwa Usalama Watch, maelfu ya watu walisombwa Eastleigh na mitaa ya jirani, wengi wao Wasomali, wengine wakazuiliwa katika uwanja wa michezo wa Kasarani. Magazeti yakaandika "washukiwa". Ukiuliza washukiwa wa nini, jibu lililokuwepo ni jina la mtu na mtaa anakolala.

Lakini tuseme ukweli, si tunajua magaidi ni akina nani?

Swali hili huulizwa kwa sauti ya chini, na dereva wa teksi aghalabu. Jibu langu ni refu kidogo.

Jumba la maduka la Westgate, Septemba 2013, watu 67 waliuawa. Chuo Kikuu cha Garissa, Aprili 2015, watu 148. Hoteli ya DusitD2 kule Riverside, Januari 2019, watu 21. Sasa tazama wahusika. Mmoja wa waliovamia Garissa alikuwa amesomea sheria katika Chuo Kikuu cha Nairobi, babake ni chifu katika kaunti ya Mandera. Aliyetajwa na wapelelezi kuwa kiongozi wa kundi la DusitD2 alikuwa Mkenya, mtoto wa mwanajeshi, aliyekuwa amepanga nyumba kimyakimya Kiambu, majirani wakimsalimu. Ukimtafuta gaidi kwa pua na buibui utampita huyu langoni, na utamsumbua muuza vitambaa wa Isili, yaani Eastleigh, ambaye siku ya mlipuko naye alikuwa akimtafuta mwanawe.

Matamshi ya chuki yanaanzia wapi? Mtu akitukana tu, ni kosa?

Kutukana ni utovu wa adabu, si lazima kuwe chuki. Katiba ya 2010, kifungu cha 33, inampa kila mtu uhuru wa kujieleza, kisha hapo hapo inataja visivyolindwa: propaganda ya vita, uchochezi wa ghasia, matamshi ya chuki, na kuhimiza chuki ya kikabila au ya kuwadunisha wengine. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008, kifungu cha 13, inaongeza adhabu: faini isiyozidi shilingi milioni 1, au kifungo kisichozidi miaka 3, au vyote viwili.

Ugumu hauko kwenye sheria, uko kwenye lugha. Mkenya anayechochea hasemi "ueni". Husema methali. Husema magugu, kunguni, wageni, na lile neno ambalo watu wa Bonde la Ufa hawawezi kulisikia bila kushika tumbo: madoadoa. Januari 2022 seneta mmoja alikamatwa baada ya kulitamka kwenye mkutano Eldoret. Aliomba msamaha na kujitetea kwamba hakulenga kabila lolote. Kwa kamusi, madoadoa ni madoadoa tu, kama ya chui. Kwa mtu aliyechomewa nyumba katika ghasia za baada ya uchaguzi, Januari 2008, ni amri ya kuwaondoa wasio wa kabila la hapo.

Tuliwahi kuletewa sauti ya WhatsApp ya sekunde 48. Mwanamume, Kiswahili kizuri, sauti ya upole. Anaeleza kwamba shamba limeingiliwa na magugu, kwamba jembe lipo, kwamba wenye shamba wasingoje mvua. Basi. Vijana wetu wawili walisema hamna kitu hapo, huyo ni mkulima. Tukampelekea mama mmoja anayeishi Kayole, aliyehama Burnt Forest mwaka 2008 na watoto watatu na sufuria moja. Alisikiliza mara mbili, akaweka simu juu ya meza.

"Sauti hii ni ya lini?" akauliza.

Tukamwambia ilianza kuzunguka Desemba.

"Mwanangu, Desemba kule mahindi yanavunwa. Nani anapalilia?"

Hapo ndipo habari ilipoanzia. Mwenye sauti tulimpata baada ya wiki tatu. Alisema alikuwa akizungumzia magugu ya kweli. Tulichapisha jibu lake lote, neno kwa neno, na kando yake tukaweka kalenda ya kilimo ya sehemu hiyo.

Ubaguzi wa rangi Nairobi? Si sote ni weusi?

Kwanza, si sote. Jumuiya ya Wakenya wenye asili ya Asia ilitambuliwa rasmi kama kabila la 44 mwezi Julai 2017, na wapo waliozaliwa Ngara au Parklands, babu zao wamezikwa hapa, ambao bado wanaulizwa watarudi kwao lini. Pili, mji wenyewe ulichorwa kwa rangi. Wakati wa ukoloni Mzungu alikaa Muthaiga na vilimani magharibi, Mhindi Parklands na Ngara, Mwafrika akasukumwa Eastlands, na mwanamume Mwafrika hakutembea bila kipande, kile cheti kilichowekwa ndani ya kijaluba cha bati na kuning'inizwa shingoni. Sheria hizo zimekufa. Kuta za mtaa hazifi upesi hivyo.

Mwaka 2015 mkahawa mmoja wa Kichina Kilimani ulifungwa baada ya kufichuliwa kwamba haukuwa ukiwapokea wateja Waafrika jioni. Mwaka 2018 mfanyakazi wa kampuni ya pikipiki Ruiru alimrekodi bosi wake Mchina akiwaita Wakenya nyani, Rais Uhuru Kenyatta akiwemo. Bosi huyo alifukuzwa nchini. Aliyefanya upekuzi hapo si sisi. Ni kijana mwenye simu ya kawaida na roho ngumu.

Lakini kuna ubaguzi ambao hautolewi nje ya nchi kwa ndege, kwa sababu ni wetu. Mwaka 1989 serikali iliwapiga msasa raia wenye asili ya Kisomali peke yao na kuwapa kadi za waridi za kuthibitisha uraia wao. Wanubi wa Kibra kwa miaka mingi walihojiwa na kamati kabla ya kupewa kitambulisho ambacho jirani yao alipewa kwa kujaza fomu. Na hata leo: wenzetu wawili walimpigia wakala mmoja wa nyumba kuhusu nyumba ile ile ya vyumba viwili, South B, simu mbili zikipishana dakika 10. Wa kwanza alijitambulisha kwa jina la Kisomali, akaambiwa imeshachukuliwa. Wa pili, mwenye jina la Kiluhya, akaulizwa anakuja lini kuiona. Hatukumtaja wakala. Simu mbili ni dalili. Hazitoshi kumwanika mtu. Tulipiga nyingine nyingi kabla ya kuandika.

Kwa nini mnawapa watu wa chuki kipaza sauti?

Hatuwapi. Tunawapa nafasi ya kujibu, na hilo ni jambo jingine. Video yake hatuirushi nzima. Tunanukuu kiasi cha kuonyesha alichosema, tunaeleza maana yake kwa wanaolengwa, tunasema ni nani anayelipa. Kiungo cha akaunti yake hatukiweki. Tukiona kwamba mtu ana wafuasi 40 na sisi ndio tutakaompa elfu arobaini, habari inakaa kwenye droo. Hapa tunagombana sana ofisini, na si kila mara ninakubaliana na mhariri wangu.

Mnajuaje video ni ya kweli na si ya zamani?

Kwa kutazama vitu ambavyo mchochezi hakuvitazama.

Tulitumiwa video ya vijana wakichoma duka. Maelezo: "Eastleigh, jana usiku, sambaza kabla hawajafuta." Ilikuwa imefika kwenye grupu la wazazi wa shule. Ukiitazama mara ya kwanza unaona moto tu. Mara ya sita unaona kwamba kwenye sekunde ya 14, nyuma ya moshi, lori linapita likiwa upande wa kulia wa barabara. Kenya tunaendesha kushoto. Huenda mtu aliigeuza picha kama kioo? Tukakuza ubavu wa lori: maandishi yanasomeka vizuri, hayajageuka. Basi hiyo si Nairobi. Somalia na Ethiopia wote huendesha kulia. Kazi ya dakika 20, na hakuna mashine yoyote ya ajabu.

Wenye subira zaidi wamefika mbali. Mwaka 2018 BBC Africa Eye, kitengo cha upekuzi cha BBC, walichunguza video ya wanajeshi wakiwaua wanawake wawili na watoto wao, ambayo serikali ya Kamerun ilikuwa imeikana. Walichukua mstari wa milima unaoonekana nyuma, wakaulinganisha na picha za setilaiti mpaka wakapata pahali penyewe karibu na Zelevet, kisha wakatumia majengo yanayoonekana kukadiria mwaka, na vivuli vya wanajeshi kukadiria siku zenyewe. Baadaye wanajeshi walishtakiwa na kufungwa. Mimi huwaonyesha wanafunzi kazi hiyo kila mara, na kila mara kuna mmoja anayenyamaza kabisa.

Pesa mnazifuataje?

Kwa karatasi. Fomu ya CR12 huonyesha wakurugenzi na wenye hisa wa kampuni, na unaiomba kupitia eCitizen. Gazeti rasmi la serikali lina mengi yanayosinzisha na machache yanayozindua. Majalada ya kesi katika mahakama za Milimani yako wazi kuliko watu wanavyodhani, ukiwa mstaarabu kwa karani na ukifika mapema. Na Sheria ya Upataji Habari ya 2016 inaipa ofisi ya umma siku 21 za kukujibu, au saa 48 ikiwa ombi linahusu uhai au uhuru wa mtu. Hawajibu? Unapeleka malalamiko kwa Tume ya Utekelezaji wa Haki. Tunafanya hivyo. Inachosha. Wakati mwingine inafanya kazi.

Vipeperushi vya chuki vina njia yake: ulizia River Road na Kirinyaga Road. Fundi wa kuchapisha huitambua kazi ya mwenzake kwa wino na mkato wa karatasi, kama fundi cherehani anavyotambua pindo.

Mnachapisha picha za maiti?

Hapana. Baada ya DusitD2, gazeti la New York Times lilitoa picha ya waliouawa wakiwa bado kwenye viti vyao, na Wakenya wakachachamaa mtandaoni mpaka Baraza la Vyombo vya Habari likaliandikia gazeti hilo kulitaka liiondoe. Hasira ile ilikuwa ya haki. Ila niseme pia: sisi wenyewe tumewahi kuwafanyia hivyo watu wa Mandera na Lamu, na hakuna aliyechachamaa.

Serikali inaweza kuwanyamazisha?

Imejaribu kwa nguvu na kwa sheria. Kwa nguvu: Machi 2006 polisi waliofunika nyuso walivamia gazeti la The Standard, wakachoma magazeti na kuizima televisheni yake ya KTN. Januari 2018 vituo vikubwa vya televisheni vilizimwa kwa sababu ya kuonyesha kiongozi wa upinzani, Raila Odinga, akijiapisha Uhuru Park. Baada ya Westgate, KTN ilipoonyesha picha za kamera za duka kubwa zilizohusisha wanajeshi na uporaji, mkuu wa polisi aliwatishia waandishi wake kwa kuwakamata.

Kwa sheria, korti zimetuokoa mara nyingi. Februari 2015 majaji watano wa Mahakama Kuu walifuta vipengele kadhaa vya sheria ya usalama ya Desemba 2014, vikiwemo vilivyomtaka mwandishi apate idhini ya polisi kabla ya kutangaza habari za upelelezi wa ugaidi. Mwaka 2016 kikafutwa kifungu cha 29 cha sheria ya mawasiliano, kilichokuwa kikiwanasa wanablogu kwa "matumizi mabaya" ya mtandao. Mwaka 2017 kumkashifu mtu kukakoma kuwa jinai; sasa ni kesi ya madai, ulipe ukishindwa. Kisha sheria ya makosa ya kompyuta ya 2018 ikaja na faini ya hadi shilingi milioni 5 na kifungo cha hadi miaka 10 kwa habari za uongo. Ilipelekwa kortini mwezi ule ule iliposainiwa, na imezunguka kortini tangu hapo.

Msimamo wangu, kwa kuwa mnauliza: sheria ya matamshi ya chuki tunaihitaji, nimeona kilichotokea 2008. Sheria ya "habari za uongo" siitaki, kwa sababu anayeamua uongo ni yule tuliyemwandika. Na hata hiyo ya chuki, kesi za wanasiasa huanza kwa kelele za kamera na kuisha kimya, huku kijana wa Facebook akikosa dhamana.

Na Facebook wenyewe?

Swali zuri, na jibu lake liko Nairobi hii hii. Vijana waliokuwa wakichuja machapisho ya Facebook kwa lugha za Afrika Mashariki walikaa kwenye ofisi hapa mjini, wakitazama vichwa vilivyokatwa kutwa nzima. Wengi wao baadaye waliishtaki kampuni. Desemba 2022 kesi nyingine ilifunguliwa dhidi ya Meta, kampuni inayomiliki Facebook, katika Mahakama Kuu. Mmoja wa walalamishi ni mwana wa Profesa Meareg Amare wa Ethiopia, aliyeuawa Bahir Dar Novemba 2021 baada ya machapisho ya Facebook kumtaja na kuwachochea watu dhidi yake. Mwana anasema aliripoti machapisho hayo mapema. Meta ilisema korti ya Kenya haina mamlaka juu yake. Aprili 2025 jaji akasema inayo.

Mnapokea bahasha?

Hapana. Nauli tunajilipia, na chai pia.

Mmewahi kukosea?

Tumekosea, na moja sijaisahau. Tuliandika kuhusu mtu aliyeshtakiwa kusajili vijana. Jina tulilipata kwenye hati ya mashtaka, picha tukaichukua Facebook. Majina matatu yalilingana, tukaridhika. Siku ya tatu mtu mwenye picha akaja ofisini na mjomba wake. Anauza vifaa vya simu. Hakupaza sauti. Alitoa kitambulisho, akakiweka mezani, akasema, "Hebu tulinganishe namba." Hatukuwa na namba ya kulinganisha. Hatukuwa tumeitafuta.

Tulisahihisha ukurasa ule ule, herufi zile zile. Lakini mwenye jengo alikuwa ameshampa notisi, na wateja wa jumla wakapotea. Tangu hapo picha haitoki bila vitambulishi viwili zaidi ya jina. Kwa Wasomali jina la tatu kwa kawaida ni la babu, na majina hujirudia sana. Hilo tulipaswa kulijua kabla yeye hajatufundisha.

Mwanangu amebadilika, ana marafiki wapya, simu haishuki mkononi. Mje mumpeleleze?

La, mama. Sisi si makachero, na kijana kufunga mlango wa chumba si ushahidi. Zungumza naye kwanza, kisha na mtu anayemheshimu: mwalimu, imamu, mchungaji, mjomba. Akitoweka, usione haya, ripoti polisi siku hiyo hiyo na upewe namba ya OB, kitabu cha matukio cha kituo. Yule chifu wa Mandera alisema alikuwa ameripoti kwamba mwanawe hajulikani aliko.

Nina ushahidi. Niulete ofisini?

Usiulete. Usiutume pia kwenye grupu lolote, hata la familia. Usiandike kwa kompyuta ya kazini wala kwa simu uliyopewa na mwajiri. Hifadhi faili asili, si skrinishoti peke yake, kwa sababu faili asili huwa na tarehe na mara nyingine mahali. Andika kwenye karatasi lini uliipata na kwa nani. Kisha tafuta njia ya kutupata kupitia mtu tunayefahamiana naye sote, na jina lako tutalijua watu wawili tu. Polisi wakitaka tulitaje, waje na amri ya korti, na tutaipinga amri hiyo kortini.

Tutakutana mahali utakapochagua wewe, pawe na kelele. Usichague kibanda cha chai kilicho chini ya jengo letu. Mwenye kibanda anamjua kila anayepanda ngazi zile, na anapenda kusimulia.